Kisukuku elekezi: amonaiti anavyotaja umri wa mwamba

Anayechimba magofu ya Gede, kusini mwa Malindi, akipata kigae cha chungu cha kupikia bado hajapata tarehe. Vyungu vile vilifinyangwa vizazi kwa vizazi bila kubadilika sana. Akipata kipande cha sahani ya Kichina, ya mtindo uliotamba kwa muda mfupi na kufikishwa bandari nyingi, hapo tabaka limeshajitaja. Kisukuku elekezi, yaani masalia ya kiumbe wa kale yaliyobaki mwambani na yanayotambulisha rika la mwamba huo, hufanya kazi hiyohiyo, ila kwa mamilioni ya miaka.

Mfano wake ni Dactylioceras, jenasi (kundi la spishi zenye undugu wa karibu) ya amonaiti iliyokwisha kutoweka. Kwa sura ungemdhania konokono, kumbe ni jamaa wa pweza na ngisi. Gamba lake lilijiviringa, likagawanyika vyumba: mnyama aliishi katika chumba cha mwisho, vingine vikimsaidia kuelea. Utamtambua kwa mbavu nyembamba zilizosongamana, nyingi zikigawanyika mbili kwenye ukingo wa nje. Kule Whitby, Uingereza, watu waliwahi kuwachonga vichwa vya nyoka na kuwauza kama nyoka waliogeuka mawe. Biashara haikosi ujanja.

Aliishi mapema katika kipindi cha Jurasiki, yapata miaka milioni 180 iliyopita. Spishi zake zilidumu muda mfupi lakini zilienea mbali. Masalia yake yako Ulaya, Asia na Amerika. Kwa hiyo miamba miwili yenye spishi moja ni ya rika moja, hata kama mmoja ni chokaa na mwingine ni tope lililogeuka jiwe. Katika miaka ya 1850 Mjerumani Albert Oppel aliigawa miamba ya Jurasiki katika kanda kwa kufuata visukuku, hasa amonaiti.

Wengi hukosea hapa: amonaiti hatoi hesabu ya miaka. Yeye husema nani alitangulia na nani alifuata. Hesabu hutoka kwenye majivu ya volkano yaliyonaswa kati ya matabaka, ambayo fuwele zake zina urani inayogeuka madini ya risasi kwa kasi inayojulikana.

Usimtafute katika kuta za mawe ya matumbawe za Lamu, wala kwenye jabali lenye Nguzo ya Vasco da Gama huko Malindi. Matumbawe hayo yanakadiriwa kuwa na miaka kama 125,000 tu, na amonaiti walitoweka miaka milioni 66 iliyopita. Wa pwani yetu wako katika miamba ya Jurasiki ya maeneo ya Mombasa, nao ni wa jenasi nyingine, zilizokuja baada ya Dactylioceras.