Kikomo cha mwendo cha taifa: maana yake, na vifo vilivyopungua Marekani

Kikomo cha mwendo cha taifa ni kasi ya juu kabisa inayoruhusiwa kwenye barabara kuu za nchi nzima, bila kila jimbo kujipangia lake. Marekani ilikuwa nacho kwa miaka 21, na hakikuletwa kwa ajili ya usalama. Mwaka 1973 nchi za Kiarabu ziligoma kuiuzia mafuta, magari yakapanga foleni vituoni, na Januari 1974 Rais Richard Nixon akatia saini sheria ya kubana matumizi: mwisho maili 55 kwa saa, yaani karibu kilomita 89. Jimbo lisilotii lingekosa fedha za barabara kutoka serikali kuu, kwa hiyo yote yalitii.

Waliokufa barabarani mwaka 1973 walikuwa takriban 54,000. Mwaka 1974 walikuwa kama 45,000. Kweli, watu walisafiri kidogo kwa sababu ya uhaba wa mafuta, na hilo lilichangia. Lakini safari zilipungua kwa asilimia chache tu, ilhali vifo vilipungua kwa asilimia 16. Hata ukihesabu kwa umbali, vifo kwa kila maili milioni 100 vilishuka kutoka 4.1 hadi 3.5.

Ili kuelewa sababu, chukua magari mawili yenye breki nzima kwenye lami kavu, moja likienda kilomita 90 kwa saa, jingine 110. Mtoto anakatiza mbele. Kila dereva anatumia sekunde moja kushtuka na kukanyaga breki. Gari la kwanza linasimama baada ya mita 70 hivi. La pili, likifika pale pale, bado linakwenda karibu kilomita 70 kwa saa, na mtu anayegongwa kwa kasi hiyo ni nadra kupona. Tofauti kwenye dashibodi ni kilomita 20 tu, lakini nguvu ya kugonga haipandi sawa na kasi. Inapanda kwa kipeo cha pili. Ukiongeza kasi maradufu, pigo linakuwa mara nne. Hili ndilo ambalo dereva aliyezoea kukimbia haliamini mpaka alione.

Sheria peke yake haitoshi, lazima isimamiwe. Montana, jimbo la mbuga pana na watu wachache, ilitii kwa shingo upande: aliyekamatwa mchana akizidisha maili 55 alitozwa dola 5 kwa kosa la kupoteza mafuta, basi, anaendelea na safari. Faini ya namna hiyo haimpunguzi mtu mwendo.

Mwaka 1987 bunge liliruhusu maili 65 kwenye barabara kuu za vijijini, na mwishoni mwa 1995 Rais Bill Clinton akatia saini kuifuta sheria yote. Majimbo yakaanza kupandisha: 70, 75, na zaidi. Utafiti uliochapishwa mwaka 2009 ulikadiria kwamba kupandisha huko kulichangia vifo 12,545 kati ya 1995 na 2005. Ni watu wengi mno kwa faida ya kuwahi kufika kwa dakika chache. Hata hivyo, mwaka 2012 Texas ilifungua kipande cha barabara ya kulipia kusini mwa Austin chenye vibao vya maili 85, sawa na kilomita 137 kwa saa.