Silikoni laini: yanata kwenye ngozi, haigandi kwenye kidonda

Jamani hii ya kuita silikoni "bandeji isiyonata" imezidi sasa. Kwa kemisti waambiwa hivyo, kwenye magrupu ya WhatsApp ya watu wanaouguza wazee nyumbani waambiwa hivyo hivyo, halafu mtu ainunua kwa bei ile, aibandika, kisha aizungushia plasta nne pembeni manake "si ameambiwa hainati". Hapo faida yote imekwenda, kwa sababu zile plasta ndizo zitakazomchubua mzee ngozi.

Maana yenyewe haraka haraka. Silikoni laini ni tabaka jembamba la jeli lililopakwa upande wa bandeji unaogusa mwili. Bandeji yaweza kuwa wavu tu wenye matundu matundu, au ikawa sponji ya kunyonya majimaji. Si dawa. Ile silikoni haiui bakteria wala haikaushi kidonda, kazi yake ni kukaa mahali pake na siku ya kutolewa itoke bila kung'oa kitu.

Sasa tuje kwenye kunata. Yanata, tena ni lazima inate. Ila yanata kwenye ngozi kavu, na ikifika kwenye kidonda chenyewe kilicho na unyevu haishiki. Hayo ni mambo mawili na watu wayachanganya kila siku. Ukifunga kidonda kwa shashi ya kawaida, yale majimaji yaingia kwenye nyuzi yakauka humo, na ile nyama mpya nyekundu nayo yaota ikapenya kwenye nyuzi, kwa hiyo siku ya kubadilisha shashi imeshagandana na kidonda, waivuta na yatoka na ngozi changa iliyokuwa imeanza kufunga, damu yachuruzika, mgonjwa apiga kelele, na kidonda kimerudishwa nyuma. Kuna wazee wanaogopa siku ya dresingi kuliko ugonjwa wenyewe na hawana makosa. Silikoni haina nyuzi za kupenya na haishiki kitu chenye maji, ndiyo maana yatoka bila vurugu.

Na pale pembeni kwenye ngozi nzima hainati kwa namna ya plasta. Gundi za plasta nyingi ni akriliki, yaani gundi ya jamii ya plastiki, mwanzo yagusa vile vilima vilima vya ngozi tu, halafu kadiri masaa yanavyokwenda yazidi kutambaa na kushika, kwa hiyo plasta ya siku tatu yauma kuitoa kuliko ya jana, na yabandua zile seli za juu za ngozi. Jeli ya silikoni ni laini, yaingia kwenye mikunjo ya ngozi tangu mwanzo, yashika eneo kubwa kwa nguvu kidogo kila mahali, na nguvu hiyo haizidi sana ikikaa. Kwa mtoto mchanga, kwa mzee ambaye ngozi yake imekuwa nyembamba mpaka yachanika kwa kugongwa tu, kwa aliyeungua moto, kwa watoto wenye ule ugonjwa wa kurithi wa ngozi kutoka malengelenge ikiguswa kidogo, hii tofauti ni kubwa sana.

Tena hapa Mombasa hili lina uzito wake, manake sisi na joto na jasho ndio maisha, na mafuta ya nazi twapaka kichwa mpaka unyayo. Ngozi ya jasho au yenye mafuta silikoni haishiki, yateleza, ndipo mtu asema "si niliwaambia hainati". Osha pale pembeni, futa, ngoja pakauke kabisa, usipake kitu, kisha bandika bila kuivuta. Na ikiwa ni ule wavu wenye matundu, juu yake yawekwa pedi ya kunyonya, majimaji yapita kwenye matundu yaende juu. Pedi ndiyo ya kubadilisha ikilowa, wavu waachwa. Kuna nyavu watengenezaji wameziruhusu kukaa hadi siku 14 kidonda kikiwa kinaendelea vizuri, sasa ukiubandua kila asubuhi kuchungulia wamaliza pesa bure. Lakini kidonda kikinuka, kikitoa usaha, au pembeni pakivimba na kuwa pa moto, hapo si habari ya bandeji tena, nenda hospitali. Na mguu wa mtu mwenye sukari usiungoje hata ufike hapo.

Halafu wapo wanaosema kidonda kiachwe wazi "kipate hewa". Mtafiti mmoja, George Winter, mwaka 1962 alionyesha kwa nguruwe kwamba kidonda kilichofunikwa kikabaki na unyevu chafunga ngozi kama mara mbili upesi kuliko kilichoachwa kikakauka na gaga. Unyevu lakini, si kulowa chapachapa. Bandeji hizi zimejengwa juu ya fikra hiyo.

Na hilo neno laini halina maana ya bandeji kuwa nyororo mkononi. Ni hali ya silikoni yenyewe. Mipira ya silikoni ya hospitalini, yaani ile mirija, na vyombo vya silikoni vya jikoni ni jamii hiyo hiyo, minyororo ya elementi iitwayo silicon na oksijeni, ila huko minyororo imefungwa pamoja kwa vifungo vingi ikakaza, na kwenye jeli ya bandeji vifungo ni vichache ndiyo yabonyea na kunata.

Kingine ni zile karatasi za silikoni za makovu, ambazo zilianza kutumika miaka ya mwanzo ya 1980 kule Australia kwa makovu ya kuungua. Hizo ni za ngozi iliyokwisha kufunga, zavaliwa masaa mengi kila siku kwa miezi. Jina la silikoni limeandikwa juu ya paketi zote mbili, kwa hiyo ukienda kununua usiseme "nipe silikoni" tu, sema nataka ya kidonda kibichi, wavu au sponji, na ukipewa ya makovu irudishe kwa upole umwambie aliye kaunta kwamba hiyo si ya kidonda kilicho wazi. Na akikwambia basi chukua na plasta ya kushikilia kwa sababu hii hainati, mwambie yanata, bora ngozi iwe kavu.