Mwili Ulitenda, Mwenyewe Hayupo

"Mtu akiua usingizini, atafungwa?" Sisi mawakili wa jinai huulizwa swali hili mara kwa mara, nami huanzia kwenye utashi. Kabla mahakama haijatafuta nia ovu, kitendo chenyewe lazima kiwe kimetokana na utashi wa mshtakiwa. Mkono uliorushwa na degedege la kifafa, kisheria, haujampiga mtu.

Mwaka 1987 nchini Kanada, mwanamume mmoja aliondoka kwake usiku, akaendesha gari kilomita zipatazo 23 hadi kwa wakwe zake, akamuua mama mkwe na kumjeruhi vibaya baba mkwe, kisha akajipeleka polisi. Utetezi wake: alikuwa akitembea usingizini. Aliachiwa huru, na Mahakama ya Juu ikabariki uamuzi huo mwaka 1992. Lakini mwaka mmoja tu kabla, Mahakama ya Rufaa ya Uingereza ilikuwa imeamua kwamba kutembea usingizini ni wendawazimu mbele ya sheria.

Sheria ya Uingereza huuliza fahamu zilipotezwa na nini. Kikiwa kitu kutoka nje, kama pigo la kichwa, mshtakiwa huachiwa huru kabisa. Ukiwa ugonjwa wake mwenyewe, huitwa mwendawazimu. Sasa mchukue mgonjwa wa kisukari. Akijidunga insulini asile vya kutosha, sukari ikashuka, chanzo ni insulini, kitu cha nje. Ndivyo ilivyoamuliwa mwaka 1973. Asipojidunga, sukari ikapanda, chanzo ni kisukari chenyewe, kwa hiyo ni mwendawazimu. Hiyo ni hukumu ya 1989. Ugonjwa ni ule ule! Kumpachika mgonjwa wa sukari jina la mwendawazimu ni dhuluma, na wapo wanaokiri kosa ili tu wasiitwe hivyo.

Aliyejilewesha mwenyewe hupata huruma kidogo sana. Na aliyejua hatari yake akaipuuza naye hubanwa: mwaka 1956 mahakama ya rufaa ya New York iliamua kwamba dereva aliyejua ana kifafa, akaendesha gari peke yake, akashikwa na kifafa na kuua watoto wanne, anaweza kushtakiwa. Kosa lake lilianza alipowasha gari akiwa na akili timamu.

Kwa hiyo mteja akiniambia hakumbuki chochote, naanza kumuuliza habari za kabla ya tukio. Ulikula saa ngapi? Dawa ulitumia? Imewahi kukutokea kabla ya hapo? Daktari alikukataza nini?