Fayaplesi kubwa siyo joto kubwa, jamani

Baridi ikishaanza mwezi wa Juni huku Limuru simu haziishi, na karibu kila mteja ana picha kwa simu yake ya fayaplesi pana kama mlango wa gereji. "Fundi nijengee hii, nyumba yangu ni barafu, nataka kubwa ndio ipashe vizuri." Nimechoka kulisikia hili, na wengi wanaolishikilia ndio haohao wananiita mwaka ukiisha, dari la sebule limekuwa jeusi.

Mdomo mkubwa, yaani ule uwazi wa mbele wa fayaplesi, hauongezi joto, unaongeza hewa inayotoka. Moto unavuta hewa ya chumba, ile umeshaipasha, unaipandisha kwa chimni, na baridi inaingia chini ya mlango kuchukua nafasi yake. Fayaplesi ya wazi hata ikijengwa vizuri joto lingi linaenda angani, wewe unabaki na lile linalokupiga usoni na magotini, basi. Kwa hivyo cha kuangalia ni umbo. Benjamin Thompson, yule wanamwita Count Rumford, alishalitatua hili London miaka ya 1790: alipunguza kina, akafungua kuta za pembeni zitazame chumbani, akabana koo la chimni, moshi ukapungua na joto likarudi kwa watu. Zaidi ya miaka 200 imepita na bado naambiwa nijenge pango.

Halafu kuna hesabu ambayo watu hawataki kusikia. Tundu la chimni linafaa liwe kama sehemu moja ya kumi ya mdomo. Ukitaka mdomo wa sentimita 120 kwa 90, hiyo ni 10,800 za mraba, chimni yako inataka karibu 33 kwa 33 kwa ndani. Kama fundi alishakuachia 20 kwa 20, mdomo wako mwisho ni kama 80 kwa 50, ukizidisha hapo moshi utakosa njia na utarudi kwenu.

Kama yako tayari inarudisha moshi, usikimbilie kubomoa. Washa moto, ukishashika vizuri chukua kipande cha bati, vaa glavu, kiweke juu ya mdomo kisha kishushe polepole. Mahali moshi unapoacha kutoka, piga alama na chaki. Hapo ndipo mdomo ulipaswa kuishia, unafunga bamba la chuma na umemaliza, bei yake hata haikaribii kujenga upya. Fanya hivyo madirisha yakiwa yamefungwa, alafu rudia dirisha moja likiwa wazi kidogo, maana hizi nyumba mpya za madirisha ya alumini hazipitishi hewa kabisa na ukiwasha ile feni ya jikoni inayovuta harufu, moshi wa sebuleni unaifuata.

Kuna na mengine naambiwa na wateja. "Simenti inatosha." Haitoshi. Ndani pale moto unapowaka ni matofali ya moto, yale yanayostahimili joto kali, na udongo wake, simenti ya kawaida inapasuka na kumomonyoka. Mawe ya mto pia wacha, yakiwa na maji ndani yanaweza kulipuka.

"Chimni ikitokeza tu juu ya paa iko sawa." Itoe mita moja hivi juu ya pale inapotokea, na kama ndani ya mita 3 kuna kitu kirefu, kama kilele cha paa, ipite hicho kwa sentimita 60, la sivyo upepo unausukuma moshi chini.

"Kuni mbichi zinakaa muda mrefu." Zinakaa kwa sababu moto unapoteza nguvu kuchemsha maji, na ule moshi baridi unagandisha lami ndani ya chimni, siku moja inashika moto. Kuni za miti ya blugamu na muwati pasua mapema, panga pahali pa upepo, mwaka mzima kama unaweza. Na chimni isafishwe kila mwaka kabla ya baridi, hata kama unaona iko safi.

"Mkaa hauna moshi, kwa hivyo naweza kufunga chimni joto lisitoke." Hii inaua. Gesi ya mkaa haina rangi wala harufu, unalala na huamki. Chimni ibaki wazi mpaka jivu lipoe kabisa, na jivu lenyewe litolewe kwa ndoo ya chuma yenye kifuniko, iwekwe nje mbali na ukuta wa mbao, kwa sababu kaa linaweza kukaa hai siku kadhaa chini ya jivu.