Ni jeni bibie, sio jini

Juzi kliniki hapa Chake kanijia mama mmoja, simu mkononi kioo kimepasuka, mtoto kamlaza mapajani magoti kayafunga kanga, ananambia dokta nasikia Wamarekani washapata tiba ya majini ya siko seli, kweli? Nikamwambia ni jeni bibie, sio jini, manake kwetu Pemba herufi hio moja ikikosewa watu washafika kwa mganga.

Na maradhi yenyewe ndo hivo hivo, herufi moja. Jeni ni kama maandishi yanouambia mwili utengeneze nini, sasa kwenye siko seli herufi moja imekosewa pale panapotengenezwa himoglobini, ile inayobeba oksijeni kwenye damu, basi chembe ya damu ikipungukiwa oksijeni inajipinda kama mundu, inanasa kwenye mishipa midogo, ndo yale maumivu.

Yule mama akasema wanavosema wengi: "Kazaliwa mzima, alipofika miezi sita vidole vikamvimba, tukajua kijicho." Si kijicho. Mtoto anazaliwa na himoglobini nyengine, ya kichanga, haina lile kosa, mwili unaizima kidogo kidogo, ikishapungua ndo maradhi yanatoka. Hapo ndo wataalamu walipopakamata. Tiba alosikia yule mama, Casgevy, iloidhinishwa Uingereza na Marekani mwishoni mwa 2023, hairekebishi herufi ilokosewa (wengi wanadhani hivo), inaharibu swichi inayoizima himoglobini ya kichanga, basi inarudi kufanya kazi. Wanakutoa seli mama za damu, wanaikata swichi hio maabara kwa huo mkasi wa jeni wanaouita CRISPR, uliowapa wanasayansi Charpentier na Doudna Nobeli ya 2020, kisha unapigwa dawa kali ya kusafisha uboho, nywele zinanyonyoka, ndo unarejeshewa seli zako. Sio sindano ya siku moja, ni miezi, na Marekani bei yake dola milioni 2.2.

Na dawa mpya hata ikishapita majaribio bado inachungwa. Voxelotor, ya siko seli hio hio, iliruhusiwa Marekani 2019, Septemba 2024 Pfizer, kampuni yenye dawa hio, wenyewe wakaitoa sokoni dunia nzima.

Sasa kilichoniuma mie, yule mama alikuwa kakiwacha kidonge cha mtoto cha siko seli, haidroksiyurea, mwezi mzima anasubiri hio ya kwenye simu, na kidonge kile nacho kinaipandisha himoglobini ile ile ya kichanga. Nilipomwambia akafungua mkoba, paketi anayo, akaniuliza ampe saa ngapi.