I-80 wakati wa theluji: cheni, barabara kufungwa na saa zako za kuendesha

Kila msimu wa theluji, maswali ya madereva wa malori wanaozungumza Kiswahili kuhusu I-80, barabara kuu ya Marekani, huongezeka, na mengi yanatokana na dhana moja: kwamba barabara ni moja, basi na sheria ni moja. Sivyo. I-80 inatoka San Francisco hadi Teaneck, New Jersey, takriban maili 2,900, na inapita majimbo 11. Saa za kuendesha zimewekwa na serikali kuu ya Marekani, hivyo hazibadiliki ukivuka mpaka. Cheni za matairi, mwendo wa siku hiyo na kufunga barabara ni mamlaka ya kila jimbo. Makala haya ni mwongozo wa jumla tu. Agizo lililo kwenye ubao wa barabarani siku ya safari ndilo la kufuata.

Tuanze na Wyoming, maana malalamiko mengi yanatoka huko. Kilele cha I-80 yote, futi 8,640, kiko kati ya Cheyenne na Laramie, lakini kipande kibaya zaidi ni Laramie hadi Rawlins, hasa maeneo ya Arlington na Elk Mountain. Kipande hicho kilifunguliwa Oktoba 1970, na mwaka uliofuata jimbo likaanza kujenga nyuzio za kuzuia theluji. Mara nyingi theluji inayofunga barabara pale haidondoki wakati huo. Ilianguka jana au juzi. Upepo unaizoa kutoka nyikani na kuivusha barabarani usawa wa kioo cha lori, usione hata taa za aliye mbele yako. Kwa hiyo kauli ya "huku Cheyenne jua linawaka, wametufungia bure" haina msingi. Wala Cheyenne haifungwi kwa kukomoa mtu. Maegesho ya Laramie yakijaa, malori yatakayoruhusiwa kuendelea yatasimama barabarani na kuzuia magari ya uokoaji na ya kuzoa theluji, ndiyo maana lango hufungwa mji mmoja au miwili nyuma.

Ukikaidi barabara iliyofungwa, faini inaweza kufika dola 750, au kifungo cha hadi siku 30, au vyote viwili. Hapa hatuna budi kusema wazi: ramani ya simu kukuonyesha njia ya mchepuko si ruhusa. Barabara ya zamani ya US-30 kupitia Medicine Bow nayo hufungwa mara nyingi kwa dhoruba hiyohiyo, na njia za wilaya hazisafishwi kwa ajili ya malori. Piga 511, namba ya taarifa za barabara, ukiwa ndani ya jimbo kabla hujawasha gari. Tangazo la kuzuia magari mepesi yenye kimo kirefu linamhusu pia anayevuta tela tupu. Tela tupu ndiyo upepo unayoipindua kwanza.

Sheria ya cheni ya Wyoming ina viwango viwili. Kiwango cha 1 kinataka matairi ya theluji, au ya matope na theluji yenye kashata za kutosha, au cheni. Kiwango cha 2, lori la kawaida halipiti bila cheni: angalau matairi mawili ya kuvuta, moja kila upande wa ekseli ileile ya difu. Kufunga mbili upande mmoja si kutimiza sheria. Faini ni dola 250. Ukikwama na kusababisha barabara ifungwe, inakuwa dola 750.

Fungia cheni eneo lililotengwa, kabla ya mlima kuanza. Tandaza cheni chini uikague isiwe imejisokota, kisha itupie juu ya tairi huku ncha za kulabu zikitazama nje. Zikitazama ndani zitakula mpira. Funga upande wa ndani kwanza, halafu wa nje, kaza, weka mipira ya kukazia. Endesha mita mia chache, simama mahali salama, kaza tena. Hatua hii ya mwisho ndiyo inayorukwa, na ndiyo sababu cheni hukatika na kuchana vizuia tope au mipira ya breki za upepo. Cheni ya tairi la saizi 11R22.5 haikai kwenye la 11R24.5. Ukifika kwenye lami kavu, zifungue.

Donner, njia ya mlimani upande wa California, inatumia viwango vya cheni vinavyoitwa R-1, R-2 na R-3, na kwa malori inadai zaidi ya Wyoming: tela nayo hufungwa cheni. Mwendo ukiwa na cheni huwekwa maili 25 au 30 kwa saa. Wafungaji wa cheni unaowaona pembeni ni watu binafsi wenye kibali cha jimbo. Hawaruhusiwi kukuuzia wala kukukodisha cheni. Andika namba ya beji na udai risiti.

Sasa saa. Wengi wanaamini theluji inampa kila dereva saa 2 za ziada. Saa hizo, zinazofikisha uendeshaji kutoka 11 hadi 13 na siku ya kazi kutoka 14 hadi 16, ni kwa hali mbaya ambayo wewe hukuijua kabla ya kuondoka na dispacha wako, yaani anayekupangia safari, hakuijua kabla ya kukutuma, wala hamkuwa na namna ya kuijua. Dhoruba iliyotangazwa jana jioni haimo. Ukistahili, andika kwenye logi mahali, saa na sababu. Na saa 14 hazisimami kwa kuwa lango limefungwa. Zinasimama ukipumzika kwenye kitanda cha lori angalau saa 7 mfululizo na kuoanisha na mapumziko mengine ya saa 2 au zaidi, jumla zisipungue 10.

Jambo la mwisho ni la lugha. Tangu 25 Juni 2025, dereva ambaye mkaguzi ataona hawezi kujibu maswali yake kwa Kiingereza au kuzielewa alama za barabarani husimamishwa kazi papo hapo, na lori halisogei mpaka apatikane dereva mwingine. Mbao za kielektroniki za Wyoming zinahusika, kwa hiyo jifunze maneno ya cheni, upepo na kufungwa kwa barabara kabla ya kupokea mzigo wa kuelekea huko.