Vigawo tasa: kosa kubwa ni kusimama mapema

Kuanza kutafuta vigawo tasa, yaani namba tasa (zisizogawanyika ila kwa 1 na zenyewe) ambazo zikizidishwa hurudisha namba uliyopewa, hakumsumbui mtu. Namba ni shufwa, unagawa kwa 2. Jumla ya tarakimu zake inagawanyika kwa 3, unagawa kwa 3. Makosa ninayoyaona zaidi yako mwishoni, pale namba iliyobaki inapokuwa na sura ya namba tasa na mtu akaiamini.

Chukua 7,956. Gawa kwa 2 upate 3,978, gawa tena kwa 2 upate 1,989. Hii ni witiri, kwa hiyo 2 imekwisha. Jumla ya tarakimu ni 27, basi gawa kwa 3: 663. Jaribu 3 ileile tena kabla ya kusogea, maana wengi huruka hapa: 6 + 6 + 3 ni 15, inakubali, tunabaki na 221.

221 ndiyo mtego wenyewe. Kwa 3 haigawanyiki, kwa 5 haigawanyiki, kwa 7 inabaki 4, kwa 11 inabaki 1. Ukichoka hapa utaandika 2² × 3² × 221 na utakuwa umekosea, kwa sababu 221 ni 13 × 17.

Kipimo cha kusimama ni kipeuo cha pili cha namba iliyobaki, yaani namba ambayo ikizidishwa kwa yenyewe huirudisha. Namba ikiwa ni zao la namba mbili, haiwezekani zote mbili zizidi kipeuo chake, kwani zao lingeipita namba yenyewe. Kwa hiyo zidisha kila namba tasa unayotaka kujaribu kwa yenyewe: 13 × 13 ni 169, bado haijafika 221, lazima ijaribiwe. Lau 13 ingekataa, ya kufuata ni 17, na 17 × 17 ni 289, imeshapita. Hapo ungetangaza kwa uhakika kwamba 221 ni tasa. Jibu kamili ni 2² × 3² × 13 × 17. Lizidishe lote lirudi 7,956. Ni nusu dakika tu, na hukamata kosa la kugawa.

Kwa namba zinazozidi elfu napenda sana kuitumia 1,001, kwa kuwa ni 7 × 11 × 13. Tenga tarakimu tatu za mwisho, toa zilizo mbele yake: 956 − 7 = 949. Lolote kati ya 7, 11 na 13 linaloigawa 949 linaigawa pia 7,956, na lisiloigawa haliigawi. 949 ni 13 × 73, kwa hiyo 13 tungeijua tangu mwanzo.

Usiiandike 1 miongoni mwa vigawo tasa. Ingehesabiwa kuwa tasa, kila namba ingekuwa na majibu yasiyo na idadi, ilhali kwa kanuni ilivyo kila namba kubwa kuliko 1 ina jibu moja tu, ukiacha mpangilio.

Vigawo vikishapatikana, KKS (kigawo kikubwa cha shirika) na KDS (kigawe kidogo cha shirika) hupatikana kwa urahisi. 1,020 ni 2² × 3 × 5 × 17. Ukiilinganisha na 7,956, chukua vya pamoja kwa kipeo kidogo (kipeo ni ile namba ndogo ya juu, kama 2 katika 3²): 2² × 3 × 17, KKS ni 204. Chukua vyote kwa kipeo kikubwa, KDS ni 39,780.

Kuna namba witiri zinazochosha kwa njia hii. 4,891 ingekulazimu kupitia namba tasa 19 hadi ufike 67. Fermat, mwanahisabati Mfaransa wa karne ya 17, alikuwa na njia nyingine: anza na namba kamili iliyo juu kidogo ya kipeuo, hapa 70. 70² ni 4,900. Toa 4,891, inabaki 9, yaani 3². Kilichobaki kisingekuwa mraba wa namba kamili, ungejaribu 71, kisha 72, na kuendelea. Vigawo ni 70 − 3 na 70 + 3: 67 na 73, vyote tasa.

Njia hiyo hufaa vigawo vikiwa jirani. Kwa 3,027, ambayo ni 3 × 1,009, ungefanya majaribio 451 kuanzia 56 hadi 506, wakati kugawa kwa 3 ni hatua moja. Maliza kwanza namba tasa ndogo, ndipo umwite Fermat.